Tatu Mara Tatu Kazeh: Kuhesabu Mipangilio kwa Kuzidisha, na Mahali Kuzidisha Kunapodanganya

Katika karne ya 19, mfanyabiashara wa pwani aliyetaka kwenda bara kupitia Unyanyembe alikuwa na milango kadhaa ya kuanzia. Bagamoyo ndio uliokuja kuwa mkubwa kuliko yote, lakini misafara iliondoka pia Saadani upande wa kaskazini na Mbwamaji upande wa kusini. Baada ya milima ya Usagara na nchi kavu ya Ugogo, njia hizo zilikutana Kazeh ya Unyanyembe, mahali ambapo leo tunapaita Tabora. Hapo msafara ulipumzika, ukatafuta wapagazi wapya, ukanunua chakula, kisha ukachagua pa kwenda: magharibi hadi Ujiji kwenye Ziwa Tanganyika, kaskazini hadi Karagwe na Buganda, au kusini-magharibi kuelekea Ufipa na Katanga.

Tushike hiyo milango mitatu ya kuingilia na hizo njia tatu za kutokea. Kuna safari ngapi tofauti kutoka pwani hadi mwisho?

Mwanafunzi wa darasa la tano atajibu haraka: sita. Mwalimu atamwekea mkasi, na hapo ndipo somo linapopotea, kwa sababu sita si jibu la kijinga. Ni jibu sahihi la swali lingine. Barabara zinazogusa Kazeh ni sita kweli. Ukisimama katikati ya mji na kunyoosha kidole utazionyesha zote. Safari lakini ni tisa. Aliyetoka Bagamoyo ana safari tatu mbele yake, wa Saadani ana tatu, na wa Mbwamaji ana tatu: tatu mara tatu. Barabara unaweza kuionyesha kwa kidole. Safari huwezi, mpaka uifikirie yote tangu mwanzo hadi mwisho, pamoja na zile nane ambazo msafara ulio mbele yako hautazifunga kamwe.

Nadhani ugumu wote wa mada hii uko hapo. Shule zetu zinafundisha kuzidisha kama mafungu: mafungu manne ya maembe matano matano, jumla maembe ishirini. Fungu linaonekana, linashikika, na sokoni Tabora linauzwa hivyo hivyo. Mtoto anakariri jedwali mpaka kumi na mbili mara kumi na mbili bila kukosea. Halafu siku moja anaulizwa idadi ya mambo yanayowezekana, yaani vitu ambavyo vingi havitatokea, na mkononi ana chombo alichofundishwa kuhesabia maembe tu. Jedwali analijua. Asichojua ni wakati gani linaruhusiwa kutumika.

Kuna njia rahisi ya kumwonyesha wakati huo, nayo imo katika lugha anayoongea. Jambo likisimuliwa kwa "kisha", tunazidisha: alitoka Saadani, kisha akatoka Kazeh kwa njia ya kaskazini. Likisimuliwa kwa "au", tunajumlisha. Misafara mingine haikupita Kazeh hata kidogo. Kulikuwa na njia iliyoanzia Pangani ikapanda kupitia nchi ya Wamasai kuelekea Ziwa Victoria, na nyingine iliyotoka Kilwa kwenda Ziwa Nyasa. Hizo hazina "kisha" ya Kazeh. Mtu alipita Kazeh kwa moja ya safari tisa, au alipita Pangani, au alipita Kilwa: tisa kujumlisha moja kujumlisha moja, jumla kumi na moja. Anayezidisha kila kitu anachokutana nacho ni hatari sawa na yule anayejumlisha kila kitu, ila huyu wa kwanza hushtukiwa kwa kuchelewa kwa kuwa majibu yake ni makubwa na yanapendeza.

Sifuri nayo ina kisa chake kwenye njia hii. Mwaka 1871 Mtemi Mirambo wa Urambo aligombana na Waarabu wa Unyanyembe, na mambo ya ushuru wa njia, ile hongo, yalikuwemo katika ugomvi huo. Akaifunga njia ya moja kwa moja kati ya Tabora na Ujiji. Mwezi Agosti Waarabu walikwenda kumpiga wakashindwa vibaya, na Mirambo akaja mwenyewe akaichoma Tabora. Henry Morton Stanley, aliyekuwa amefika Kwihara, jirani na Tabora, mwezi Juni akimtafuta Livingstone, alijikuta amekwama. Alipoondoka Septemba hakwenda magharibi; alishuka kusini kupitia Ukonongo, akazunguka, ndipo akapanda hadi Ujiji.

Kwa mwenye hesabu, vita hivyo viligusa tarakimu moja tu. Kabla yake mtu wa pwani angeweza kufika Ujiji kwa milango mitatu mara njia mbili, ya moja kwa moja na ya kuzunguka: njia sita. Mirambo alipofunga moja zikabaki tatu mara moja. Na kama angefunga zote mbili? Tatu mara sifuri. Hapo pwani ingeweza kuwa na milango mia, bado jibu lingekuwa sifuri. Mwanafunzi anayekariri kwamba namba yoyote mara sifuri ni sifuri huiona kama amri ya mwalimu. Anayewaza msafara uliozibiwa njia mbele anaona kwamba haiwezi kuwa vinginevyo. Hatua moja isiyopitika huifuta safari nzima, hata kama hatua nyingine zote zimefunguka.

Stanley huyo huyo ametuachia mfano mwingine, na huu ndio ninaoupenda zaidi. Hakuondoka Bagamoyo na msafara mmoja mrefu. Aliugawa katika misafara mitano, wa kwanza ukaondoka tarehe 18 Februari 1871, na wa mwisho, aliokwenda nao yeye, tarehe 21 Machi. Misafara mitano inaweza kupangwa kuondoka kwa zamu ngapi tofauti? Wa kutangulia: nafasi tano. Wa pili: nne. Kisha tatu, mbili, moja. Tano mara nne mara tatu mara mbili mara moja ni 120.

Hebu tusimame kwenye ile "nne", maana hapo wengi huruka. Ni misafara gani minne iliyobaki? Inategemea uliotangulia. Ukitangulia wa kwanza, iliyobaki si ile ile inayobaki ukitangulia wa tatu. Orodha inabadilika. Kisichobadilika ni idadi: wowote utakaotangulia, nyuma yake inabaki minne. Hilo ndilo sharti lote la kanuni ya kuzidisha, na vitabu vingi hulitaja kwa nusu sentensi, vingine havilitaji. Kanuni haidai kwamba machaguo ya hatua ya pili yawe yale yale. Inadai yawe sawa kwa idadi. Mkuu wa msafara akisema lazima yeye aende mwisho, kama ilivyokuwa, nafasi moja inakuwa imeshajazwa na tunapanga minne iliyobaki: mipangilio 24.

Ukiingia ndani ya msafara wenyewe namba zinalipuka. Mbele alitembea kirangozi, yaani mwongoza njia, na bendera. Hakuna mpagazi aliyeruhusiwa kumpita. Chukua mstari mdogo wa watu kumi, yeye akiwa wa kwanza. Tisa walio nyuma yake wanaweza kupangwa kwa namna 362,880. Tuseme wakaidi hawa wanabadilisha mpangilio kila dakika moja, usiku na mchana, bila kula wala kulala. Watamaliza baada ya siku 252. Stanley alitembea kutoka Bagamoyo hadi Unyanyembe kwa miezi mitatu hivi. Wapagazi wetu wangefika, wakarudi pwani, wakaanza kupanda tena, na mipangilio isingekuwa imekwisha. Watu kumi tu.

Kabla ya kwenda mbele, neno moja kuhusu shanga. Wafanyabiashara wa njia hii walibeba shanga za aina nyingi kama fedha ya kununulia chakula, na kila nchi ilikuwa na yake. Ukiwa na aina nne na nchi tatu za kupita, kuzidisha kunakupa nne mara nne mara nne, njia 64 za kulipa. Lakini nyeusi zilizopokewa Ugogo zilikataliwa kwingine, samesame nyekundu ndizo zilizotakiwa Unyamwezi, na sungomaji zilikuwa na soko Ujiji. Hesabu halisi ilikaribia moja mara moja mara moja. Hakuna aliyezidisha vibaya. Zile nne nne ndizo zilizochukuliwa bila kumuuliza mwenye nchi.

Hesabu za namna hii si ngeni kwa watu wa upande wetu wa Bahari ya Hindi. Al-Khalil bin Ahmad al-Farahidi, mtu wa karne ya 8 mwenye asili ya Oman aliyeishi Basra, anajulikana kwa washairi wetu kama mwasisi wa arudhi, yaani kanuni za utungaji wa mashairi. Ndiye pia aliyeanzisha kamusi ya Kiarabu iitwayo Kitab al-Ayn, na njia aliyoitumia ni kanuni ya kuzidisha tupu. Badala ya kuokota maneno moja moja kama wanavyookota wengine, alianza na herufi 28 na kujiuliza kuna mizizi mingapi inayowezekana bila kurudia herufi. Ya herufi mbili: 28 mara 27, yaani 756. Ya tatu: zidisha kwa 26, unapata 19,656. Ya nne: mara 25, ni 491,400. Ya tano: mara 24, ni 11,793,600. Wanazuoni waliokuja baadaye wanamnasibishia jumla ya 12,305,412, na ukizijumlisha mwenyewe utaona zinatimia. Angalia alivyotumia vyote viwili: ndani ya kila urefu wa neno anazidisha, kati ya urefu na urefu anajumlisha, kwa kuwa mzizi una herufi mbili au tatu au nne au tano.

Sehemu kubwa sana ya hiyo milioni kumi na mbili haikuwahi kuwa neno. Yeye mwenyewe alitenga mizizi inayotumika na ile iliyoachwa. Na hapo ndipo faida ilipo: ukishajua idadi ya yote yanayowezekana unajua kwamba hakuna ulilolisahau. Mizizi yenye herufi tatu zile zile aliiweka pamoja, sita sita, maana herufi tatu hupangika kwa namna 3 × 2 × 1. Kwa hiyo alipofungua ukurasa wa mzizi mmoja, ndugu zake watano walikuwa pale pale, walio hai na waliokufa. Waarabu wa Oman waliofungua maduka Kazeh miaka elfu moja baadaye walibeba vitabu na daftari za madeni. Sidhani wengi waliwaza kwamba kamusi ya lugha yao ilianza kama zoezi la hesabu.

Mtoto wa darasa la kwanza Tabora naye ana kamusi ya aina hiyo ukutani, ila hakuna anayemwambia. Ni ile chati ya ba be bi bo bu. Konsonanti moja moja zimeshuka upande wa kushoto, irabu tano zimekaa juu, na kila mkutano wa mstari na safu ni silabi. Konsonanti 18 za herufi moja mara irabu 5 ni silabi 90. Maneno ya silabi mbili yanayoweza kuandikwa kwa silabi hizo ni 90 mara 90, yaani 8,100. "Baba" limo, "moto" limo, na mengi yamo ambayo hakuna Mswahili aliyewahi kuyatamka. Mtoto huyu anaiimba chati hiyo kila asubuhi katika kipindi cha kusoma. Kipindi kinachofuata ni kuhesabu, na mwalimu ni yule yule, lakini chati inageuziwa mgongo.

Nini kinafanyika badala yake? Kwa mtaala uliotumika kwa miaka mingi, mchoro wa matawi ulisubiri mada ya uwezekano kidato cha nne, na mipangilio yenyewe ilisubiri hisabati ya juu kidato cha tano na cha sita. Wakati huo mwanafunzi ameshahama kutoka Kiswahili cha shule ya msingi kwenda Kiingereza cha sekondari, na wengi wameshaiacha hisabati. Jambo ambalo mtoto wa miaka kumi angelielewa kwa kuchora njia linamfikia akiwa na miaka kumi na nane, limevaa alama za mshangao na kanuni za kukariri.

Na mifano inayotumika! Mashati matatu, suruali nne, je, Juma atavaa kwa namna ngapi? Juma wa Tabora ana sare moja ya shule. Moja mara moja. Afadhali kumpa kufuli la namba, lile dogo linalofungwa kwenye sanduku la bweni. Lina vigurudumu vitatu, kila kimoja kina tarakimu kumi kutoka 0 hadi 9. Mwenye kulisahau anaanza 000, 001, 002, kidole gumba kikisukuma kigurudumu cha kulia, mkono mwingine ukivuta kikomeo kila mara. Michanganyiko ni elfu moja. Akitumia sekunde tatu kwa kila mmoja, ndani ya dakika hamsini lazima liwe limefunguka. Kufuli lenye kigurudumu kimoja zaidi linaonekana gumu kidogo tu, lakini dakika zinakuwa 500, saa nane na dakika ishirini. Kigurudumu kimoja hakikuongeza kumi; kilizidisha kwa kumi. Mtoto aliyevuta kikomeo kile kwa mkono wake hatahitaji kuambiwa mara ya pili.

Sasa tuingie sehemu yenye utelezi. Reli ya Kati ilifika Tabora mwaka 1912 na Kigoma mwaka 1914, na tawi la Mwanza likafunguliwa 1928, kwa hiyo njia panda ya misafara ikawa njia panda ya mabehewa. Chukua stesheni tano: Dar es Salaam, Dodoma, Tabora, Mwanza, Kigoma. Aina za tiketi za kwenda tu ni tano mara nne, yaani 20, kwa sababu tiketi ya Tabora kwenda Kigoma haikutoi Kigoma kukuleta Tabora. Lakini anayetengeneza jedwali la umbali anahitaji namba 10 tu: kilomita za kwenda ni zile zile za kurudi. Kila jozi ilihesabiwa mara mbili, tunagawa kwa mbili. Mwalimu anaandika ubaoni: mpangilio usipojali nani katangulia, gawa.

Na kwa maneno hayo mwalimu ametega mtego bila kujua.

Mzigo wa mpagazi ulikuwa kama frasila mbili, pauni 70 hivi. Tuseme tunajaza mzigo kwa frasila nzima nzima, na ghalani mna nguo, shanga na waya wa shaba. Frasila ya kwanza ina machaguo matatu, ya pili matatu, jumla tisa. Lakini nguo kisha shanga ni mzigo ule ule wa shanga kisha nguo. Mpagazi begani hajui nini kilitangulia kufungwa. Mwanafunzi mtiifu anakumbuka kanuni na kugawa kwa mbili: mizigo minne na nusu. Wengi huandika hivyo hivyo na kupiga mstari chini ya jibu.

Kosa ni nini? Ni mizigo ya mchanganyiko tu iliyohesabiwa mara mbili. Nguo na nguo ilihesabiwa mara moja, na shanga na shanga, na waya na waya. Toa hizo tatu katika tisa zinabaki sita, gawa sita kwa mbili ni tatu, rudisha zile tatu: mizigo sita. Kugawa kunafaa pale tu kila kitu kimehesabiwa mara nyingi kwa kiasi sawa. Ni sharti lile lile la misafara mitano, limegeuzwa upande: kule machaguo yalitakiwa kuwa sawa kwa idadi katika kila tawi, hapa marudio yanatakiwa kuwa sawa kwa kila jibu.

Sasa chora mashimo matatu mchangani na uweke kete mbili. Unaweza kuziweka kwa namna ngapi? Zote mbili shimo la kwanza, au la pili, au la tatu. Au moja moja katika mashimo mawili kati ya matatu. Sita tena. Si bahati: shimo ni bidhaa, kete ni frasila. Na kwa picha hii kuna njia ya kuhesabu bila kuorodhesha. Panga kete na kuta kwenye mstari mmoja: mashimo matatu yanatenganishwa na kuta mbili, kete ni mbili, kwa hiyo nafasi ni nne. Ukuta wa kwanza una nafasi nne, wa pili tatu, ni kumi na mbili. Na kwa kuwa kuta mbili haziwezi kukaa nafasi moja, kila mpangilio umehesabiwa mara mbili kamili, bila ubaguzi. Safari hii kugawa kwa mbili ni halali, na jibu ni sita.

Njia hiyo hiyo inapanda mpaka kwenye bao la Kiswahili, lenye mashimo 32 na kete 64. Kuta ni 31, nafasi ni 95. Ukizidisha kuanzia 95 ukishuka mara 31, kisha ukagawa kwa 31 × 30 × 29 mpaka 1, unapata namba yenye tarakimu 25. Sheria za mchezo huzuia mingi ya mipangilio hiyo isifikiwe kamwe, na kuitenga inayofikika na isiyofikika ni kazi ambayo kuzidisha peke yake hakuiwezi, kwa sababu hapo idadi ya machaguo inategemea kila hatua iliyotangulia.